Wifi Yangu na Neno la Magharibi

Wifi yangu Swaumu analo neno moja la Kizungu ambalo hapa kijijini Saadani hakuna mwingine aliyekuwa nalo kabla yake, na hata huko mjini Bagamoyo sidhani kama wanaolijua wanajaza benchi moja. Linaandikwa crepuscular. Yeye hulitamka vizuri, kwa kukunja mdomo kama anayepoza uji. Sisi wengine tunasema krepaskula, na tukichoka tunasema lile neno lako. Siku hizi analitumia kwa vitu viwili tu, mwanga na wanyama. Zamani alikuwa nalo kwa kitu cha tatu pia. Matumizi hayo aliyaacha masika ya mwaka jana, jioni moja, na mimi nilikuwepo.

Nianze na yeye mwenyewe. Swaumu binti Mwinyimvua ni dada wa mume wangu, Alawi. Alizaliwa hapa hapa, katikati ya Ramadhani, ndipo alipopatia jina, na akakua akiwa mwoga kuliko wasichana wote wa rika letu. Simsengenyi. Sisi ni mawifi, tuna ruhusa ya kutaniana, na yeye mwenyewe hakatai. Kijiji chetu kiko ndani ya hifadhi ya taifa: mbele bahari, nyuma wanyama. Ngiri hupita uani kama kuku wa jirani, na nyani akikuta mlango wazi anaingia kuchungulia sufuria. Mtoto wa hapa huzoea. Swaumu hakuzoea. Jua likianza kuinama tu, yeye alikuwa ameshaingia ndani, kajikunyata kwenye kona ya kitanda cha mama yake, anasubiri mtu mwingine aende kufunga mlango.

Na hofu ile hakuizua kichwani mwake. Kwetu magharibi ni saa yenye wenyewe. Watoto huingizwa ndani, ubani huwashwa, hakuna anayefagia, hakuna anayepiga mluzi, hakuna anayekaa kizingitini. Kubwa kuliko yote, mtu akiitwa jina lake kutoka nje saa hiyo haitiki mara ya kwanza, wala ya pili. Anasubiri wito wa tatu, kwa sababu wale wengine, tunavyoambiwa, huita mara mbili tu, na ukiwaitikia umekwisha kujipeleka. Mimi ni mtu mzima, nimemaliza kidato cha nne, nina simu yenye intaneti, na mpaka leo siitiki.

Kwa hiyo Swaumu alipotangaza kwamba anataka kazi ya kutembeza wageni hifadhini, tulicheka hadi tukashika mbavu. Mtu anayekimbia ngiri, leo akawasimamishe Wazungu mbele ya simba. Lakini alikuwa ameachika, hana mtoto, uduvi wa kuanika ulikuwa umeadimika, na kichwa anacho. Akaenda Bagamoyo kwenye mafunzo, akawa analala kwa shangazi yake kule Kaole, na asubuhi anadandia bodaboda kwenda darasani.

Mwalimu wao aliitwa Hieronimo, mstaafu mmoja kutoka bara, mpole, mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi. Siku moja alikuwa akiwafundisha kupanga wanyama: hawa wa mchana, hawa wa usiku. Swaumu akanyoosha mkono akauliza, na wale wa katikati, mwalimu? Wale wanaotoka jua likizama na kabla halijachomoza? Mzee yule akafurahi, akageuka, akaandika lile neno ubaoni kwa herufi kubwa.

Swaumu alinipigia simu jioni ile ile. Sauti yake ilikuwa ya mtu aliyepona homa.

"Wifi," alisema, "kumbe na wao wanaijua saa ile. Wameipa neno lake kabisa."

Mwalimu Hieronimo aliwafafanulia kwamba neno lile lina matumizi matatu. La kwanza ni la mwanga, ule wa magharibi au wa alfajiri, usiokuwa mchana wala usiku, ambapo kisiki na mtu aliyechuchumaa vinafanana. La pili ni la viumbe wanaotoka kwenye mwanga huo: sungura, pongo, fisi, simba mara nyingi, hata mbu na nondo. La tatu hupatikana zaidi kwenye vitabu vya zamani, nalo ni la akili. Husemwa akili ya mtu iko hivyo inapojua nusunusu, inapoona maumbo ya mambo bila kuyaona mambo yenyewe. Hilo la tatu, mwalimu aliwaambia, halitumiki sana, na si vizuri kulitumia kwa mtu unayekula naye sahani moja.

Swaumu alirudi na cheti na neno. Cheti kiliingia kabatini. Neno lilizunguka kijiji kizima. Paka wetu alikuwa krepaskula. Mume wangu, ambaye haonekani nyumbani mpaka chakula kiive, alikuwa krepaskula. Kulikuwa na fundi mmoja wa injini za boti aliyezoea kuja kumjulia hali Swaumu giza likikaribia; nikamwambia Swaumu, wifi, na huyu mnyama wako tumweke kundi gani? Akanirushia gamba la nazi.

Hata hivyo nilimwona akibadilika. Ile hofu yake ya utotoni alianza kuisoma. Akajua kwamba saa moja kabla ya jua kuzama wageni wawe ndani ya gari. Akajua kwamba ukikutana na mkubwa, yaani simba, hukimbii, huchuchumai, humpi mgongo, na kamwe huingii kati yake na watoto wake. Hakuacha kuogopa hata kidogo. Alianza kulipwa kwa kuogopa vizuri, na wageni walimpenda kwa sababu aliwarudisha wote salama na hadithi ya kusimulia.

Sasa nimtaje mama. Mama mkwe wangu anaitwa Ashatu. Mikono yake imesuka mikeka ya ukindu tangu kabla sisi hatujazaliwa, na ndiyo hiyo tunayoswalia nyumba nzima. Mwaka juzi alianza kusahau. Alitia chumvi kwenye mchuzi mara mbili. Aliniita kwa jina la dada yake aliyekufa. Alikwenda kwa jirani kuazima chungio, akarudi mikono mitupu, akaketi, akauliza nani kachukua chungio. Mambo madogo, lakini yalikuwa yakiongezeka, na kila moja lilimtia Swaumu homa.

Siku moja tulikuwa uani tunachambua uduvi, mama akiwa barazani na ukindu wake. Swaumu akasema, kwa sauti ya kawaida tu, "Mama amekuwa krepaskula."

"Anatoka jioni?" nikauliza.

"Hapana. Ile maana ya tatu."

Nilicheka kwanza, halafu kicheko kikanikauka. Kuanzia siku ile neno likawa la ndani ya nyumba. Leo mama ni krepaskula, usimwachie moto. Asubuhi alikuwa mzima, mchana kaingia krepaskula. Swaumu alilitamka mbele ya mama mwenyewe, kwa kuwa mama hajui Kizungu, na ukimtazama mama alikuwa akiendelea kusuka kama haambiwi yeye. Mimi sikupenda. Niliona ni kumzungumzia mtu kana kwamba ametoka chumbani. Lakini nilimwelewa Swaumu: alikuwa anaogopa, na mazoea yake ni kwamba kitu cha kutisha kikipata jina hupungua makali. Alikuwa hata amepanga kumhamishia mama kwa shangazi Kaole, kwenye nyumba yenye uzio na geti. Mama alipoambiwa alisema "Haya," na hakuondoka.

Masika yalipoanza, simba jike akaonekana karibu na mabwawa ya zamani ya chumvi, upande wa kaskazini wa kijiji. Alikuwa na watoto. Askari wa hifadhi aitwaye Cosmas, kijana wa watu kutoka Iringa, mwenye adabu, alipita nyumba kwa nyumba akituambia mtu yeyote asiende upande ule baada ya alasiri, na mchana asiende peke yake. Kwetu alikaa kabisa barazani, akamwamkia mama shikamoo, akamweleza taratibu. Mama alimwitikia marahaba na akasema "Haya."

Usiku wa juma lile sote tulilala kwa sikio moja. Ukimsikia simba mwenye watoto akiguna upande wa mabwawa, ukuta wa udongo unauona ni karatasi. Mbuzi wa jirani alitoweka, tukakuta kamba tu.

Halafu ikaja ile siku. Alawi alikuwa Bagamoyo kupeleka samaki wakavu. Mimi nilikuwa pwani naanua uduvi kwa sababu mawingu yalikuwa yametanda, na niliporudi nyumbani nilikuta mkeka wa mama barazani, umeishia katikati ya mstari. Ukindu ulikuwa umemwishia. Panga halikuwepo mahali pake. Nikaita ndani, nikaita msalani, nikaita kwa jirani. Jirani akasema amemwona bi mkubwa akipita na kamba mkononi, akielekea kaskazini, na alidhani nimemtuma. Kule kaskazini, pembeni mwa mabwawa, ndiko ukindu mzuri unakoota.

Wakati huo huo Swaumu akaingia uani akitoka kazini, bado na sare zake za kijani, kofia mkononi. Sikuhitaji kumaliza sentensi. Alitazama mkeka, akatazama ukutani panapokaa panga, halafu akatazama jua. Lilikuwa limebaki kidogo sana juu ya minazi.

Alimpigia Cosmas. Nilisikia sauti ya kijana yule ikikatika katika simu: alikuwa mbali, upande wa mto Wami, anakuja na gari, msiingie kichakani, nisubirini, Swaumu unasikia, nisubirini. Swaumu akasema nimesikia, akakata simu, akaanza kutembea. Nikamfuata. Msinihesabu na mashujaa. Niliogopa kubaki peke yangu na ule mkeka kuliko nilivyoogopa kwenda.

Tulipita nyumba ya mwisho, tukashika tuta la bwawa la kwanza. Udongo wa kule ni mweusi, na mvua ikinyesha hushika miguu. Mbung'o waliokuwa wakituuma walianza kupungua na mbu wakaanza kuchukua zamu. Nyuma yetu adhana ya magharibi ililia kutoka msikitini, na kwa mara ya kwanza maishani adhana ilinitia hofu, kwa sababu ilitangaza saa ambayo nilikuwa nje.

Mwanga ulikuwa ule ule wa neno lake. Kila kitu kilionekana na hakuna kilichoonekana vizuri. Kichaka cha ukindu kilikuwa ukuta mmoja wa kijivu, na kila kisiki nilikiona kikipumua. Swaumu alitembea mbele, polepole, akiangalia chini. Alisimama, akachuchumaa kidogo, akakumbuka, akasimama wima. Kwenye tope kulikuwa na nyayo za ndara za mama, zile za kuburuta mguu wa kushoto. Juu ya mmojawapo, ukiwa umeufunika nusu, ulikuwa wayo mwingine, mpana, wa mviringo, usio na kucha.

"Ni wa sasa hivi," alisema. "Maji hayajaingia."

Tukasimama pale. Halafu akafanya kitu ambacho angemfukuzisha kazi mwenzake kwa kukifanya: akaita kwa sauti yake yote.

"Mama."

Kimya. Hata vyura walinyamaza.

"Mama."

Mbele yetu, ndani ya ukindu, kitu kizito kilidondoka kwenye majani makavu, pu, kisha kikatulia. Swaumu akanyoosha mkono kunizuia, ingawa mimi nilikuwa sina mpango wa kwenda popote. Akaita mara ya tatu, na ya nne, na ya tano. Hakuitikiwa. Na hapo ndipo sote wawili tulipofikiria jambo moja kwa pamoja, nikaona kwenye uso wake alipogeuka.

"Anadhani ni wao," alisema. "Anasikia na anajificha. Hesabu imempotea, hajui tena kama ni wito wa ngapi."

Kwa mtu wa mahali pengine labda hilo ni jambo la kuchekesha. Kwetu lilikuwa la kutisha kuliko wayo. Mama yuko hai mle ndani, anasikia anaitwa kwa sauti ya bintiye saa ya magharibi, na kadiri anavyoitwa ndivyo anavyozidi kujikunyata, maana ndivyo alivyofundishwa na ndivyo alivyotufundisha.

"Mama, ni mimi Swaumu," wifi yangu akaita. "Ni mimi mwanao, si jini."

Nikawaza, hivyo ndivyo hasa jini angesema. Nadhani na yeye aliwaza hivyo, kwa sababu aliacha kuita, akaanza kusoma Ayatul Kursi kwa sauti ya juu. Wao hawawezi kuisoma, ndivyo tunavyoamini. Aliisoma yote, akaita tena. Pu, kitu kikadondoka. Kisha mlio mfupi, wa chini kabisa, ambao niliusikia kifuani kabla ya masikioni.

Sijui kueleza hofu ile. Nilitaka kumshika Swaumu mkono na mkono ukakataa kunyanyuka. Nilimwona ametazama kile kichaka, machozi yanamtiririka bila kulia, na nikajua anachokipima. Alikuwa akiyapanga mawili. Ama akili ya mama imezima kabisa na haijui hata sauti yake, ama mama hawezi tena kuitika. Na yote mawili yalimpeleka mahali pamoja.

Akapiga hatua ya kwanza kuingia.

"Wifi, usiende," nikasema, au nilidhani nimesema.

Akapiga nyingine. Njia ya kuingia ilikuwa moja tu, nyembamba, waliyoizoea wakata ukindu. Alikuwa ameshafika mdomoni mwake, bega lake linagusa majani, taa za gari zilipotokea kwenye tuta nyuma yetu. Cosmas hakushuka. Alilileta gari likiyumba kwenye tope hadi likatusogelea, akageuza usukani, mwanga wote ukamwagika kwenye ile njia.

Simba jike alikuwa amelala katikati yake. Kutoka kwa Swaumu hadi kwake hapakuzidi umbali wa mlango wangu na jiko langu. Alikuwa kifudifudi, tumbo chini, mabega juu, tayari, lakini kichwa chake hakikuelekea kwetu. Alikuwa ametazama upande wa ndani. Sikio moja tu ndilo alilokuwa amelielekeza nyuma, kwetu. Taa zilipompiga akageuka, macho yakawaka, na akaguna tena ule mguno wa kifuani.

Swaumu hakukimbia. Nitamsifu kwa hilo mpaka nife, na utani wote nitauweka pembeni. Alisimama wima, akarudi kinyumenyume, hatua moja moja, mpaka mgongo wake ukagusa boneti. Cosmas alikuwa akipiga honi na kukanyaga mafuta, gari linanguruma kama lori. Simba akainuka. Watoto wake walitoka majanini nyuma yake, wamelowa, wakubwa kama mbwa, wakamfuata. Akaondoka nao kupitia upande wa mabwawa, bila haraka, akigeuka kututazama.

Tulibaki na mngurumo wa injini. Kisha, kutoka ndani kabisa ya ukindu, sauti kavu ya mtu mzima ikauliza:

"Amekwenda?"

Mama alikuwa juu ya kichuguu, kile kirefu kilicho katikati ya kichaka, amekaa na miguu ameikunja chini ya kanga. Ndara moja hakuwa nayo. Cosmas alimbeba mgongoni mpaka kwenye gari. Alikuwa mwepesi, kijana yule alisema baadaye, kama mzigo wa makuti.

Na hapo Swaumu akapasuka. Hofu ikitoka kwa mtu hutafuta mlango, na kwake ilitokea mdomoni. Tangu tuta mpaka nyumbani alikuwa akimfokea mama yake, mama yangu wee, maneno ambayo sijawahi kumsikia akimwambia mtu. Nimekuita mpaka sauti imenikauka. Nimekusomea mpaka Kurani. Nimesimama pale nakufa, wewe umekaa juu unahesabu wito, kwa ajili ya mambo ya majini. Kesho unakwenda Kaole, na geti litafungwa kwa kufuli. Hata Cosmas, kwa adabu zake zote, akatia neno lake kwamba, bibi, imani hizi za zamani zina hatari, ukiitwa itika. Mama alikaa katikati yetu, ametazama mbele. Mimi nilikuwa nimemshika kiganja, kimejaa udongo.

Tulimketisha kitandani, tukawasha taa. Cosmas akaaga. Swaumu alikuwa amesimama mlangoni amempa mama mgongo, mabega yanapanda na kushuka. Nikachota maji.

"Jini gani?" mama akauliza.

Nilisimama na beseni la maji mkononi.

"Sauti yako niliisikia wito wa kwanza kabisa," akasema. Alisema taratibu, kama anavyohesabu nyuzi za mkeka, na hakukosea popote. "Nikajua ni wewe, na nyuma yako yuko Hajra, huyu wifi yako, maana nilimsikia anavyohema. Na yule simba naye alikusikia. Alikuwa ameshalala pale ananitazama mimi, njia ni moja, na ninyi mko upande ule. Ningeitika ungekuja mbio. Nakujua. Ungekuja moja kwa moja mpaka juu yake."

Swaumu akageuka.

"Nikasema basi, nikinyamaza atachoka, atarudi nyumbani. Hukuchoka. Kila ulipoita simba aligeuza kichwa, akawa anainuka, anataka kuja kwako. Sasa ningefanyaje? Kila akikugeukia wewe, nambandulia bonge la kichuguu namrushia, ananirudia mimi."

Wifi yangu alikuja akapiga magoti chini, mbele ya kitanda, akaichukua mikono ya mama, akaiweka kwenye beseni nililoshika. Maji yalibadilika rangi mara moja. Udongo ulikuwa umejaa kwenye kucha zote, na vidole viwili vya mkono wa kulia vilikuwa vimechubuka mpaka nyama. Mama alisema maji ni ya baridi. Nikaenda kuongeza ya moto.